Msitu Alioutengeneza Mjomba Wako

S.L.P. 418,
Oforikrom, Kumasi.
Jumapili, 9 Juni 2019

Mpendwa mwanangu Opoku,

Salamu zetu zikukute salama huko Winnipeg. Kifua kimeacha kukubana? Mkeo na mtoto wanalala vizuri? Sisi tu wazima, kwa kadiri mfiwa anavyoweza kuwa mzima. Bado navaa nyeusi.

Wazee wa ukoo wamekaa. Kwa mila yetu mrithi ni mtoto wa dada, kwa hiyo vitu vya marehemu mjomba wako Dankwa ni vyako, pamoja na kile kidude chake cha michezo cha kushika mkononi. Msafiri atakibeba Ijumaa. Sikubisha. Ila sikuwahi kuucheza mchezo alioutengeneza humo, nami nilitaka kuufikisha mwisho kabla hakijaondoka.

Hakuna kampuni iliyomtuma. Aliufanya kwa mapenzi tu, yeye na wenzake wanaopeana michezo yao bure. Kila jani alilichora nukta kwa nukta. Nilipouwasha, mvua ilikuwa inanyesha humo ndani, na kuku wa jirani yetu wamejibanza chini ya mkokoteni. Niliziba kinywa kwa mkono. Kumbe alikuwa anayaona haya yote, nami nikidhani hata hasikii ninapomwita ale fufu.

Sasa, humo mchezoni, mmoatia, wale viumbe wafupi wa msituni, wamemwiba binti wa chifu. Nikafuata nyayo zao, nikajikuta nilikoanzia. Kila jioni hivyo hivyo. Mama yako aliponiona akashika mbavu.

"Wifi, umesahau mmoatia visigino viko mbele? Unafuata walikotoka."

"Ningejuaje, nimewahi kuwauzia viatu?"

"Geuka basi. Huyu kaka yangu hata kaburini lazima akucheke."

Tukacheka, kisha tukalia kidogo.

Nikaenda kinyume cha nyayo. Msitu ukafunguka, kijiji kizima kikatokea, taa zimening'inia matawini. Nikasikia mluzi. Mmoatia huongea kwa mluzi, hilo najua. Lakini huu ulikuwa ule ule aliopiga yeye akitoka kazini, ili nimfungulie.

Mwanangu, niliinuka nikaenda langoni.

Kidude kinakuja kwako. Ukifika kile kijiji, usiwe na haraka ya kubonyeza. Kiache kwanza kipige mluzi.

Mama yako Birago anakusalimu sana. Nisalimie Abrafi, umbusu mtoto. Mungu wetu Nyame awatangulie kila mtokapo na awarudishe nyumbani.

Ni mimi nikupendaye siku zote,
Konadu, mke wa mjomba wako