Karatasi Nyeusi Kwenye Majani ya Maharage

Cité Manika, Kolwezi
Jumatano, tarehe 11 Februari 1976

Mpendwa yaya Asia, dada yangu mkubwa,

Assalamu alaikum. Barua hii ikukute wewe na shemeji Kasimu katika uzima, na ule mguu wako ulioteguka uwe umekubali kukanyaga chini bila fimbo. Dereva wa kamyo yangu alinieleza kwamba alikuona sokoni Sandoa ukitembea kwa kuchechemea huku ukiwagombeza watu. Nikajua hapo kwamba unapona.

Sisi hapa miili ni mizima. Nasema miili kwa sababu roho yangu haijatulia tangu jana. Unanijua, nikiwa na wasiwasi chakula hakipiti. Mke wangu Mwamini amepika sombe ya majani ya mihogo mchana na mimi nimeitazama tu.

Mihogo mikavu uliyotuma imefika, ila magunia mawili yameloa. Mvua ya mwaka huu haina adabu. Kamyo ilikwama mara mbili mwezi uliopita, mara ya kwanza karibu na Mashamba, mara ya pili hapo hapo kesho yake. Haya nakueleza kwa sababu yanahusika na upumbavu wangu, kama utakavyoona.

Sasa habari ya binti yangu Mariamu, uliyempa jina la mama yetu. Mwalimu wao, Mulumba, anachagua wasichana wawili tu wa kwenda Lubumbashi kufanya mtihani wa kuingia shule ya ualimu. Anawapima Jumamosi hii, mara mbili. Kwanza mimea, jinsi jani linavyochukua mwanga wa jua likaugeuza kuwa chakula. Kisha historia ya muziki wa Ulaya, maneno yake na mifano ya kuimba. Usiniulize mambo hayo mawili yamekutanaje. Mwalimu ni mmoja na anafundisha anachokijua.

Kila jioni baada ya magharibi Mariamu hunipa daftari nimuulize maswali. Kwa hiyo nimejifunza, na miaka yangu arobaini na saba, kwamba jani ni jiko. Maji yanapanda kutoka mizizini, hewa tunayoitoa sisi puani inaingia kwenye vitundu vya jani, na moto wake ni jua. Ile rangi ya kijani, chlorophylle, ndiyo inayoushika mwanga. Kinachoiva ni sukari na wanga. Miaka yote hii nabeba mihogo nikidhani imetoka udongoni, kumbe nabeba jua la Sandoa kwenye magunia. Nilimwambia dereva, akanicheka.

Na muziki pia. Monodie ni sauti moja peke yake, kama nyimbo za mapadri wa zamani. Polyphonie ni sauti nyingi, kila moja na njia yake, na hazigongani. A cappella ni kuimba bila chombo. Canon ni mtu mmoja kuanza, na mwenzake kumfuata nyuma kwa maneno yale yale, mpaka usijue nani alianza. Mariamu huimba canon na Kanku, binti wa jirani yetu Mama Tshibola. Wote wawili ni wanafunzi wa Mulumba, na wote wawili wanataka Lubumbashi. Walikuwa wakiimba penye ukuta unaotutenga na jirani kila siku mpaka mimi nikawa naimba sauti ya pili nikifunga mizigo.

Yaya, sasa nifike penye mwiba.

Jana asubuhi nilitoka kusali alfajiri nikapita nyuma ya kamyo, na pale penye jua Mariamu alikuwa amepanda miche minne ya maharage. Nikakuta majani yamefungwa vipande vya karatasi nyeusi kwa uzi mwekundu. Karatasi nyeusi, uzi mwekundu, hatua tatu kutoka kwenye kamyo iliyokwama mara mbili. Nikakumbuka kwamba wiki ile nilibishana na Mama Tshibola juu ya mfereji wa maji. Nikamwambia Mwamini, aliyekuwa anatoka kwenda sokoni, kwamba kuna mtu hapa karibu hatutakii mema, na nikatazama upande wa ukuta. Sikutaja jina. Macho yangu yalitaja.

Nilimwita Mwalimu Abibu wa msikitini. Alisoma dua, kisha akasema niwaulize kwanza watu wa nyumbani kabla ya kugusa kitu. Ni neno la mtu mwenye akili. Alipoondoka tu, nikang'oa miche yote, nikaimwagia petroli, nikaichoma mpaka ikawa majivu, na majivu nikayatupa mferejini. Hasira hasara.

Mariamu alirudi saa saba. Akasimama mbele ya udongo mtupu, kisha akakaa chini hapo hapo na sare yake ya shule. Ilikuwa kazi yake ya mtihani, yaya. Unafunika sehemu ya jani ili jua lisiifikie, unangoja siku mbili au zaidi, kisha mwalimu anachemsha lile jani na kulidondoshea iode, ile dawa ya kahawia tunayopaka kwenye kidonda. Palipopata jua panakuwa peusi kwa sababu pana wanga. Palipofunikwa panabaki peupe. Asiyeleta jani hapati alama, na asiyepata alama haendi Lubumbashi.

Hapo ndipo nilipaswa kusema. Mwamini akasema majani yameng'olewa na mtu yule yule niliyemtazama asubuhi, akaenda ukutani akatoa maneno ambayo siyaandiki. Mariamu akayarudia kwa Kanku. Kufika jioni wadogo zake wanayaimba uani. Mimi nilianza, wao wamefuata. Leo Kanku hakuja kuimba, na Mama Tshibola, anayenisalimia kila siku, amepita akitazama mbele.

Tangu asubuhi naogopa kila kitu. Naogopa Mariamu ajue, naogopa asijue. Naogopa Jumamosi. Nilianza kukuandikia ili nikuulize nifanye nini, lakini nimesoma niliyoandika, na jibu lako nalisikia kutoka huko huko. Mama alizoea kusema mficha uchi hazai. Naacha kalamu, nawaita Mwamini na Mariamu.

Alhamisi

Nimesema, yaya, jana ile ile jioni. Mariamu hakulia. Alisema, "Baba, ile karatasi ilikuwa karboni ya kitabu yako ya mizigo. Ni we njo ulinipatia." Na kweli. Nilimpa mwenyewe bila kuuliza ya nini. Afadhali angenipiga.

Mwamini alichukua kitenge akajifunga, akasema neno moja tu, "Twende." Aibu yake ilikuwa kubwa kuliko yangu, maana maneno ya ukutani yalitoka kinywani mwake. Na tulikuwa na shida juu ya shida. Maharage yanayopata jua sawasawa, hapa mtaani, yako kwa Mama Tshibola peke yake.

Alitusikiliza akiwa amesimama, mikono kiunoni. Hakutupa kiti. Kisha akaniambia:

"Tata Amadi, miaka munane mi nakusalimia kila asubui. Kama uliogopa kitu mu shamba yako, juu ya nini haukuniulizaka?"

Mwamini akapiga magoti kuomba radhi, nami nikainama. Mama Tshibola akatazama maharage yake, akasema:

"Majani iko. Lakini utafunga we mwenyewe, mu mwangaza, batu bote baone."

Shamba lake linapakana na njia ya kwenda bombani, kwa hiyo unaweza kupata picha. Leo saa kumi na mbili na nusu, wanawake wote na ndoo zao, na mimi Amadi, mwenye kamyo, nimepiga magoti kwenye maharage ya watu nikifunga karatasi nyeusi kwa uzi mwekundu. Mzee mmoja alisimama akauliza nafunga nini. Nikamwambia nafunga mtihani wa mtoto. Akavuka upande wa pili wa njia.

Sasa ni mchana na mvua inanyesha. Bila jua jani halipiki. Sijawahi kulitazama wingu kwa chuki namna hii.

Jumamosi jioni

Jana nilikwenda swala ya Ijumaa, na Mungu anisamehe, nusu ya hotuba sikuisikia. Nilikuwa natazama dirisha. Tulipotoka jua lilikuwa limewaka, likawaka mpaka jioni.

Leo Mulumba amechemsha majani mbele ya darasa. La Mariamu limekubali, na la Kanku pia. Kisha wameimba canon yao, na Mariamu anasema Kanku alichelewa makusudi kidogo ili amtazame usoni, ndipo akaingia. Majina ya wawili yatatajwa baada ya wiki mbili. Wasiwasi wangu bado upo, yaya, lakini sasa nasali kwa majina mawili, na hilo nimeliahidi ukutani kwa Mama Tshibola. Ameitikia salamu. Kiti bado hajanipa.

Dereva anaondoka kesho. Nisalimie shemeji Kasimu, mwambie mfereji ule wa ugomvi na jirani nimeuhamisha. Wasalimie watoto wote wa hapo. Mwamini anakusalimu, Mariamu anakupigia magoti. Mungu awalinde, awape afya, na awape mvua kwa kipimo na jua kwa wakati wake.

Ni mimi mdogo wako akupendaye daima,
Amadi

N.B. Ndani ya bahasha utakuta jani moja kavu, jeusi, lenye mstari mweupe katikati. Mariamu alikuwa na mawili, hili amelitoa kwako. Mstari ule ni pale nilipofunga kwa mkono wangu. Najua tumezaliwa tumbo moja na roho zetu ni moja, kwa hiyo nakuomba, yaya, usilichome.