Roketi ya Igalula na Hongo Yako ya Ugoro

Mtani wangu Chilongani, Mgogo usiye na haya,

Kwanza ujue kwamba watu wote hapa Igalula wanaisimulia vibaya hadithi yetu. Wote! Mwalimu anasema roketi aliieleza yeye. Uongo. Mwenye duka anasema tuliipanga ile roketi kwa sababu ya pombe. Uongo tena, siku hiyo pombe ilikuwa haijaiva. Na wanawake kisimani wanasema siku tuliyokuzika, mimi Maganga, mtani wako, nilisimama kama kigingi, mdomo umefungwa. Hilo lingeniuma sana, lakini siku hizi haliniumi kitu. Ndiyo maana nimeshika kalamu, mimi niliyejifunza kusoma uzeeni kwenye kisomo cha watu wazima. Herufi zangu zinatembea kama kuku aliyekanyaga unga, lakini zitafika.

Wewe ulikuwepo. Ule mwaka Wamarekani walipokuwa wanapeleka watu mwezini, redio ya dukani ilikuwa roketi asubuhi, roketi jioni. Wewe wakati huo bado uko na gengi la reli, kupiga nyundo. Jioni moja mwalimu akaja stesheni kutuelimisha. Akasema hicho chombo ni kirefu kama mabehewa manane yaliyosimamishwa wima, behewa juu ya behewa. Akasema wamekihangaikia miaka mingi, na mashine zake walikuwa wanazifunga chini kwa vyuma, wanaziwasha, zinanguruma mpaka nchi inatetemeka, na haziendi popote.

Wewe ukasema, "Kama Maganga."

Watu walicheka vibaya sana. Mimi nikasubiri zamu yangu. Mnyamwezi hana haraka.

Halafu mwalimu akasimulia habari za Wamarekani watatu walioungua ndani ya chombo, kwenye majaribio, chombo kiko chini bado na safari haijaanza. Hapo uliacha kucheka. Ulinusa ugoro, ukamuuliza, "Na watani wao walikuwepo kwenye kuzika?"

Mwalimu wa watu hakuelewa swali. Mimi nilielewa. Kwetu mtu haendi kaburini hivi hivi tu. Lazima mtani wake azuie njia, amtukane marehemu, aige alivyokuwa anatembea, mpaka wafiwa wacheke na machozi yao usoni. Asipotukanwa anakwenda mpweke. Wewe uliwaonea huruma Wazungu watatu usiowajua, kwamba labda walikwenda kimya kimya.

Sasa hapa ndipo nilipowashinda wote, na mwalimu na cheti chake. Watu walikuwa wanambishia: chombo kikubwa hivyo kubeba watu watatu tu? Anatudanganya huyu! Mwalimu akaanza kutoka jasho. Ndipo nikasimama, mimi, mtoto wa mpagazi. Baba yangu alibeba pembe kutoka Tabora mpaka pwani kwa bega hili la kushoto, reli haijafika. Nikawaambia, baba alisema hivi: anayebeba pembe hawezi kubeba na chakula chake. Inabidi mwenzie ambebee chakula. Na huyo mwenzie naye anakula, basi inabidi wa tatu awabebee wote wawili. Kwa hiyo msafara unakuwa mrefu kama nyoka, na mzigo wenyewe uko kwa wachache. Wale wa chakula, mizigo yao ikiisha, wanatua na kugeuka. Nikasema, roketi ni msafara wa wapagazi uliosimamishwa wima. Ule urefu wote ni posho ya njiani tu, ndiyo mafuta yake.

Mwalimu akanitazama. Akasema, "Mzee, ndivyo ilivyo."

Ili waone kwa macho, nikawapanga watu kumi na wawili kando ya reli, kila mmoja na kidebe cha mtama kichwani. Saba wakaishia kwenye nguzo ya ishara, wakatua, wakakaa chini. Wanne wakaishia kwenye mti wa mninga. Akabaki mmoja wa kulizunguka tangi la maji la stesheni, ndio mwezi wenyewe huo. Na huyo mmoja nani? Mimi. Ulitaka awe nani?

Nafika chini ya tangi, nakukuta umesimama na nyundo yako ya gengi.

"Simama hapo, punda wa miguu miwili! Huu mwezi una wenyewe."

"Nipishe, Mgogo, nimebeba heshima ya dunia."

"Babako na msafara wake walipita Ugogo bila kuwalipa watemi wetu hongo ya njia? Wewe ni nani? Lipa, mla michembe ya viazi, au ukafie huko juu."

Nikakulipa ugoro, kipimo cha vidole viwili. Tangu siku ile sikupita chini ya tangi lile bure, hata siku moja, mpaka ukastaafu, mpaka tukahamishiwa kijiji cha ujamaa na shamba letu likawa moja. Ulikuwa unaacha jembe unakimbia kunizuia.

Lakini kuna jambo ulilouliza jioni ile ambalo hakuna anayelisimulia. Watu wanatawanyika, wewe ukamshika mwalimu mkono. "Na vile vipande vinavyotua njiani, vinarudi kwao?"

"Hapana mzee. Vinaanguka baharini."

"Basi hao si wapagazi," ukasema. "Mpagazi akitua mzigo anarudi kwa mkewe."

Nawe hukurudi kwenu, Chilongani. Homa ya siku tatu, wakati wa palizi, mvua imekata njia. Ugogo mbali. Ukatua hapa hapa. Ndugu zako hawakuwahi, kwa hiyo utani wote ulikuwa juu yangu. Kijiji kizima kilijua. Walinipisha njia mpaka ukingoni mwa kaburi. Nilikuwa nimekutunzia maneno ya miaka. Nilikuwa na lile la miguu yako, na lile la mbuzi wa kuazima, na lile la siku ulipolikimbia treni la mizigo ukiwa na shuka tu.

Shemeji yangu, mkeo, akanitazama. Akasema taratibu, "Shemeji, mbona kimya? Mwenzio atalala bila kutukanwa?"

Sikuhuzunika. Ningehuzunika ningelia, na kulia nako ni kazi. Mwili wote ulikuwa kama mguu uliokaliwa muda mrefu, unaugusa na hujui ni wako. Niliona udongo mwekundu. Niliona mwenye jembe amevaa kiatu kimoja. Lakini wanawake wa kisimani hawakuwa karibu kusikia. Niliinama, nikasema, "Hongo yako hii, Mgogo, sasa nipishe," nikakurushia ugoro kaburini, na mkeo akacheka. Alicheka kwa sauti. Ndivyo ilivyokuwa.

Baada ya hapo nilikula ugali wa msiba, nikaona chumvi imezidi. Hicho ndicho ninachokikumbuka. Mvua zimepita mara mbili. Nalima, nakula, nalala. Watu wananiomba niwasimulie roketi, nawasimulia, wanacheka pale pale wanapotakiwa kucheka, na mimi nasikiliza mdomo wangu kama redio ya dukani. Tangi lipo. Napita chini yake kila siku, hakuna anayenizuia. Mkeo ananisalimia vizuri tu, anauliza mahindi, halafu anatazama kando.

Haya. Baba wa waongo ni mimi, lakini wewe sijawahi kukudanganya mpaka mwisho. Hayo ya kwenye kaburi niliyaongeza. Sikuinama. Sikusema kitu. Mkeo hakucheka. Walisubiri, wakasubiri, kisha mwenye jembe akaanza kufukia, na ngumi yangu ilikuwa imefumba ugoro wako muda wote. Wanawake wa kisimani wanasema kweli.

Ule ugoro ninao bado, umefungwa kwenye kitambaa, umekauka hata harufu hauna. Msafara wangu na mimi si mrefu tena. Wewe kaa hapo ulipo, na nikifika, ushike nyundo yako, unizuie.

Mtani wako unayemdai,
Mnyamwezi wa Igalula