Kinini ya Donata

Aline, mujukuu wangu, hapa Gisenyi tuko. Mama yako amevuka Goma kuuza nyanya zake.

Unauliza kwa nini nilikuomba utafute kinini, ile dawa ya malaria, kwenye maktaba ya madaktari, ile iliyo wazi kwa wote kwenye internet, wakati hapa hakuna mugonjwa.

Mudogo wangu Donata alipopata malaria, tungali wasichana, nilimununulia kinini sokoni, ndani ya kikaratasi kisicho na maandishi. Homa ilikataa kushuka, donc nikamuongezea. Alipona, lakini masikio yakafa. Mpaka leo anasema ni malaria.

Ukurasa uliotuma unasema ni kinini ikizidi. Jana nilimusomea yote kwa sauti, nikamuomba musamaha. Akaendelea kuchambua maharagi. Kumupa simu asome mwenyewe, nimeshindwa.

Nyogokuru wako