Glasi ya Maman Neema

Mururu, Jumanne jioni

Jirani yangu Maman Neema hakunywa. Nilionja kasiksi, pombe ya ndizi, mbele yake, kama desturi, ili jirani aone haina sumu. Ingetosha. Lakini nikamuuliza Maman Neema kama ataipenda. Nikauliza tena. Mara ya tatu akaweka glasi chini.

"Mbona unauliza sana, Maman? Umetia nini ndani?"

Akaenda zake.

Tumetoka Bukavu mwaka jana tu. Batu bakisema mimi ni mulozi, mchawi wa sumu, tutakimbilia wapi tena?

Wakati wa vita, pale kwenye bariyeri, kizuizi cha barabarani, uso wa askari ndio uliniambia kama nitapita. Tangu siku ile kila uso nauuliza.

Glasi ya Maman Neema nimeimaliza mimi. Bwana yangu anasema sina kosa. Amesema mara nne, na bado natazama uso wake.