Kobe Uliyetuachia, Ardis

Mwaka umetimia, Ardis, tangu uanguke kule nyuma ya nyumba na reki mkononi, majani ya mwaloni yakiwa hayajakusanywa hata nusu. Ulikwenda bila kumsumbua mtu. Ndiyo kawaida yako, na ndiyo inayotuuma.

Binti yako Karla amesema tangazo hili la kumbukumbu aliandike mjomba wake Verlyn, kwa kuwa ndiye mwenye malalamiko mengi. Kaka yako hakusoma sana, unajua. Darasa moja mji huu, jingine mji ule, kisha maisha yote kwenye matishari ya nafaka, akipanda na kushuka mto Mississippi. Lakini kulalamika anajua.

Ulikuwa mwema, dada. Msiba ukitokea mtaani, bakuli lako la tambi na jibini ndilo lililofika mlangoni kwanza. Ijumaa za kukaanga samaki pale kanisani ulisimama kando ya mafuta ya moto mpaka mtu wa mwisho ashibe, na aliyetaka kukupokea kazi ulimwambia, "Niache, nafanya mwenyewe."

Hiyo "niache" yako. Ulipika mwenyewe, ulipalilia mwenyewe, na yule kobe wa majini uliyemwokota barabarani, gamba limepasuka na mguu mmoja wa nyuma hana, ulimtunza mwenyewe. Watu wa wanyamapori walikuachia kwa sababu mtoni asingefika mbali. Kila Verlyn alipopita kukusalimu aliuliza, "Huyu anakula nini?" Nawe ukamjibu, "Anakula vizuri." Ardis, hilo nalo ni jibu?

Tukakuzika wewe, tukabaki na kobe, na hakuna aliyejua la kufanya. Kitu pekee kilichokuwa bado kinapumua kutoka mikononi mwako, nasi tulikaribia kukiua.

Karla alifanya kama mtu yeyote aliyekulia ukingoni mwa mto hapa. Kwetu kobe ni kobe-rangi, yule wa kwenye madimbwi, mwenye wekundu pembezoni mwa gamba. Kila mtoto amewahi kumfuga. Akampa majani ya saladi. Kobe akayatazama tu. Na kwa kuwa nyumba ilijaa wageni wa msiba, kile kipampu chako cha hewa cha tangi la kobe, kilichokuwa kikinguruma kule chumba cha chini ya nyumba, kikazimwa ili watu wapumzike. Baridi ilipoingia, Karla akafanya tulichofanya sote utotoni: akajaza ndoo tope na maji, akamtumbukiza kobe, akafunika, akaiweka chini ya ngazi alale mpaka barafu iyeyuke.

Verlyn alikuwa ameshafunga begi lake aondoke. Alishuka kufuata viatu, akaona ukimya wa chumba kile haumwingii akilini, akafunua ndoo. Kobe amenyoosha shingo, mdomo wazi, miguu imelegea.

"Karla, mwanangu, umemfanya nini huyu?"

"Nimemlaza, Mjomba. Si ndivyo wanavyolala?"

"Huyu halali. Huyu anakata roho."

Wakamwita Duane, jirani yako, anayevua samaki mto huu tangu ana meno yake yote. Akamweka kobe chini ya bomba, tope likatoka. Wekundu hakuna. Badala yake vimistari vyembamba vya njano, vimejipinda juu ya gamba kama mito kwenye ramani. Doa la njano nyuma ya jicho, mgongo una meno kama msumeno, kichwa kipana kama ngumi.

"Hee, nyie watu," akasema Duane. "Huyu ni kobe-ramani, tena jike. Kobe-rangi utamfukia topeni baridi nzima, haombi hewa. Huyu hulala chini ya mto, mbele ya ukuta wa bwawa, maji yenye hewa yanapopita kwa kasi. Kwenye ndoo mmemkaba koo."

"Na saladi?" Karla akauliza kwa sauti ya chini.

"Saladi? Tazama hilo taya. Hilo ni la kuvunjia konokono. Ni kama unialike mimi chakula cha jioni, halafu unipe maua ya mezani."

Wakamrudisha kwenye tangi, maji ya baridi na haba, kichwa juu, wakawasha kipampu. Kutwa nzima wakakaa hapo kwenye ndoo zilizopinduliwa. Jioni mguu mmoja ukapiga maji.

Ndipo kaka yako alipokielewa kipampu kile. Miaka na miaka Karla alikulalamikia kelele zake, nawe ukamjibu, "Kiache." Ungeongeza kidogo tu, Ardis. "Bila hicho atakufa." Ingekugharimu nini?

Begi likafunguliwa. Mtu ambaye hajawahi kumaliza majira mawili chini ya paa moja amekaa mwaka mzima, kwa ajili ya kobe asiyempenda. Kiangazi huingia mtoni mpaka kiunoni kutafuta konokono na kome wadogo, magoti yakimlaani. Hubadilisha maji, husugua jiwe la kuotea joto, huinamisha taa. Naye kobe, mwenye nyumba, akiona kivuli chake tu, chubwi. Mkono unaomlisha anaukimbia kama mwizi akimwona polisi.

Kobe hawa wanaishi muda mrefu, na Verlyn hana muda huo. Kwa hiyo amemshika Karla, anamfundisha yote, kwa sauti, mpaka Karla anaziba masikio. Verlyn hatakwenda kama ulivyokwenda wewe, bila kumwachia mtu neno.

Juzi alimkuta kule chini anasafisha kipampu, akanyoosha mkono amwonyeshe.

"Niache, Mjomba," Karla akasema bila kugeuka. "Nafanya mwenyewe."

Verlyn akabaki amesimama, mikono inaning'inia, kama alivyosimama nyuma yako miaka yote. Alitaka kukasirika. Hakujua amkasirikie nani kati yenu.

Kipampu kikanguruma tena.

Wanaokukumbuka ni binti yako Karla, wajukuu wako Britta na Anders, jirani yako Duane, na kaka yako Verlyn, ambaye begi lake sasa ni la kubebea konokono. Kila kipampu kinaponguruma, unatajwa, na hatutakizima.