Treni ya Saa Nne

Torino, 3 Machi 1914

Baba mpendwa,

Shikamoo. Mimi ni mzima, na shangazi pia, ila kikohozi chake humpanda asubuhi. Wewe huko Susa mnakopiga filamu u hali gani? Baridi imepungua?

Tangu nimalize shule mwezi jana naunga tepe za filamu hapa kwenye kampuni yenu. Bado naona haya kusema mbele ya wenzangu. Bi Clotilde, msimamizi wetu, hunifokea, "We binti Zufolino, mkasi hauumi! Babako anaanguka ngazini dunia nzima inamtazama, wewe unaogopa gundi?" Wote hucheka. Nami hucheka, chini chini.

Baba, nimeona jambo. Katika filamu ya juzi unamkimbia muuza kuku. Wewe unakwenda mwendo wa kawaida, lakini kuku nyuma yako wanaruka kama wamepagawa. Ina maana Delfo, mpigapicha wako, alizungusha mkono wa kamera taratibu mno, picha zikaenda mbio, ili miguu yako ionekane myepesi. Magoti yana nini?

Mwanao,
Ersilia

Susa, 7 Machi

Binti yangu,

Salamu tele. Sijambo, na macho yako ni makali kuliko ya meneja. Usimwambie. Zamani Delfo alizungusha taratibu nionekane chizi. Sasa anazungusha taratibu nionekane mzima. Filamu arobaini na tatu nimezitunga mwenyewe na kuanguka mwenyewe. Magoti yana haki ya kulalamika.

Meneja anasema siku hizi watu wanataka Warumi wenye simba, si mzee wa kofia ndogo. Filamu hii mpya isipochekesha, kazi yangu imekwisha. Kwa hiyo Alhamisi ya tarehe 19 nasimama relini, nafunga kamba ya kiatu, treni inakuja, naruka kando dakika ya mwisho. Usinune. Treni itakwenda polepole kama maharusi. Kwenye pazia la sinema itaonekana inapaa.

Babako

Torino, 10 Machi

Baba mpendwa,

Shikamoo tena. Natumai magoti yametulia. Yapake mafuta ya kafuri.

Jana nilijikaza nikamwuliza karani wa kampuni kama treni imekodiwa. Akasema, "Kukodi? Nani kakwambia? Babako anatumia ya abiria, ile ya saa nne." Baba, treni ya abiria ina ratiba yake. Delfo anaweza kupunguza kamera, waigizaji wakapunguza mwendo. Treni ataipunguza nani? Shangazi anasema hata kufagia ukumbi wa sinema ni kazi. Rudi.

Mwanao,
Ersilia

Susa, 16 Machi

Ersilia,

Sijambo, nawe uwe hivyo. Dereva wa saa nne ni Gaspare, tulikunywa naye jana. Ameapa atatambaa. "Zufolino, nikikugonga mke wangu ataninyima chakula, anakupenda kuliko mimi!" Basi.

Nikifagia ukumbi, nani atanicheka? Usiniandikie hadi Alhamisi ipite. Unanitia woga, na woga kamera inauona.

Babako

Torino, 21 Machi

Baba,

Shikamoo. Hujambo? Nauliza kwa sababu hakuna anayeniambia.

Alhamisi imepita. Kopo la filamu limefika bila barua, wala Delfo hakuja nalo kama kawaida yake. Leo asubuhi hakuna aliyenitania. Bi Clotilde alinishika bega. "Nenda nyumbani, mwanangu. Hii nitaiunga mimi." Kwa mara ya kwanza nimemkatalia mtu mzima. Ameenda kumwita meneja.

Nimeuinua utepe dirishani. Umeinama, unafunga kiatu. Treni ni ndogo kama punje ya dengu. Vipicha sita mbele, imekuwa kama ukucha. Vingine vinne, imejaza nusu ya picha. Haikutambaa, Baba; hata kamera ikizungushwa taratibu, treni inayotambaa haikui hivi. Dereva namwona kidogo, ana ndevu. Gaspare ana ndevu? Umeinuka. Mguu mmoja umetoka relini, mwingine bado.

Kilichobaki ni kifupi kama mkono wangu, kimejikunja kiganjani. Nasikia viatu vya meneja ngazini.

Sijakikunjua. Niandikie kwanza.

Mwanao,
Ersilia