Mawe Chini ya Turubai

4 Machi

Baba mpendwa,

Shikamoo. Natumaini mguu umepunguza maumivu. Sisi huku wazima, mke wangu na mama mkwe wanakusalimu sana.

Gari lipo gereji, giaboksi imeleta matata. Fundi wetu anasubiri kipuri. Usiwe na wasiwasi, likitoka tu narudi barabarani.

Mwanao

15 Machi

Mwanangu,

Marahaba. Mguu ni uleule, nakwenda na fimbo. Wasalimie wote.

Fundi wa giaboksi alipita jana kunijulia hali. Nikamshukuru kwa kazi yake. Akanitazama kama mtu aliyeanza kuchanganyikiwa, maana gari hajalitia machoni tangu mwaka jana. Nikajichekesha, nikasema ni uzee. Nimedanganya kwa ajili yako, mbele ya mtu niliyemfundisha kushika spana, na roho imeniuma.

Gari liko wapi? Kama umeliuza, sema. Lile ndilo lililokusomesha.

Baba yako

22 Machi

Baba,

Shikamoo. Sina uso wa kukuuliza hali, lakini nakuuliza.

Gari limekamatwa. Liko uani kwenye ofisi ya madini, tairi moja la mbele limeisha upepo. Wanasema nimesafirisha madini bila kibali. Yalikuwa mawe ya kifusi tu, yale yanayotupwa nje ya uzio wa mgodi, na watu kila siku hubeba kwa toroli kujengea misingi. Nilikuwa nampelekea mama mkwe kwa nyumba yake.

Kilichoniponza ni turubai. Nilifunika mzigo, nikafunga kamba pande zote. Ofisa akaniuliza, "Kijana, mawe yanaogopa mvua?"

Ukweli ni kwamba nilimwambia mama mkwe nanunua mawe kwenye mashine ya kokoto. Akanisifu kwa waume wa dada za mke wangu mpaka wakaniita Tajiri wa Kokoto. Barabara ya mgodini inapita mbele ya maduka yao. Ningepita wazi, wangejua.

Sasa mama mkwe anatakiwa aseme mahakamani mawe ni ya nini, na mimi niseme mbele yake kwa nini nilifunika. La sivyo gari litataifishwa. Shauri ni tarehe tisa Aprili. Baba, naona aibu. Huwezi kuandika, kama mwenye gari, kwamba ni wewe uliyeniagiza kufunika?

Mwanao

29 Machi

Mwanangu,

Marahaba. Siandiki.

Huoni aibu kuniomba mimi niseme uongo, unaona aibu kumwambia mama mkwe ukweli? Kumbe mimi ndiye wa bei rahisi. Miaka yote nimepita vizuizini na gari lile nimeteremsha kioo. Mwambie mwenyewe kabla hajaambiwa na ofisa.

Baba yako

11 Aprili

Baba,

Shikamoo. Nisamehe kwa barua ile.

Sikumwambia. Kila nikitaka kufungua mdomo alikuwa ananiongezea chai. Nilimpeleka mahakamani nikisema anatakiwa kutia sahihi tu. Hakimu akaniuliza habari ya turubai, nikasema yote huku nimetazama viatu vyangu. Kisha akaulizwa yeye.

"Mheshimiwa, nilijua tangu tripu ya kwanza," akasema. "Mawe ya mashine hayaji na vumbi jekundu la mgodini. Hata wakwe zangu wengine waliniuliza, nikawaapia kwamba kayanunua. Sikutaka mtoto aaibike."

Baba, nilitamani ardhi ipasuke. Mama wa watu ameapa uongo kwa ajili yangu, na wewe pia ulidanganya.

Vipimo havikuonyesha madini. Wameniachia gari na mzigo, kwa onyo kwamba safari nyingine nikate kibali kwanza. Pale uani mikono yangu ikaanza yenyewe kutandaza turubai. Mama mkwe akasema, "Acha." Akapanda mbele, akateremsha kioo, na tulipofika madukani akawaita wakwe zake kwa sauti, "Ni kifusi hiki! Njooni mtushushie!" Walikuja. Hakuna aliyenicheka, na hilo lilikuwa zito kuliko kuchekwa.

Jumamosi nakuletea gari. Utaamua mwenyewe kama funguo zitabaki kwangu.

Mwanao

14 Aprili

Mwanangu,

Marahaba. Msalimie sana mama mkwe wako, mwambie namheshimu.

Jumamosi usije nyumbani kwanza. Pitia gereji, kwa fundi wa giaboksi. Nitajikongoja mpaka pale, utanikuta nimekaa kwenye benchi lake. Tutamwambia pamoja kwamba haukuwa uzee.

Baba yako